Kipimo cha majani ya soya: Mfanyabiashara anahusika vipi?

WAFANYABIASHARA wanaofuata soya Zambia, Malawi na Nyanda za Juu Kusini mwa Tanzania hukagua unyevu, takataka na bei. Wachache huulizia majani, ingawa hayo huonyesha mapema kama shamba litaendelea kutoa mzigo misimu ijayo.

Kila tani ya soya inayovunwa huondoa ardhini takribani kilo 19 za potashi, yaani potasiamu kwa hesabu ya wauza mbolea. Hivyo lori la tani 30 linalopita Tunduma limebeba kilo 570, sawa na mifuko 19 ya kilo 50 ya mbolea ya MOP. Zisiporudishwa shambani, mavuno hushuka, na lori hulazimika kuzunguka vijiji vingi zaidi ili lijae.

Sampuli huchukuliwa mimea inapoanza kutoa maua, kabla ya maganda kujengeka. Huchumwa majani 20 hadi 30 ya juu yaliyokwisha kukomaa, kutoka mimea mbalimbali, bila vikonyo. Sehemu iliyodumaa na iliyostawi hupimwa kila moja peke yake, pamoja na udongo wake, ili zilinganishwe.

Maabara hutoa majibu kwa asilimia. Kwa mujibu wa mwongozo wa majimbo ya Indiana, Michigan na Ohio nchini Marekani, potasiamu inatosha ikiwa kati ya asilimia 2.01 na 2.50, na fosforasi kati ya 0.30 na 0.50. Upungufu unaweza kupunguza mavuno hata kabla kingo za majani hazijageuka njano.

Hapo ndipo muuza pembejeo anaponufaika. Soya hupata sehemu kubwa ya naitrojeni kwa msaada wa bakteria wa mizizini, hivyo kurundika yurea katika eneo lenye upungufu wa potasiamu ni kufungia mtaji ghalani. Majibu ya wakati wa maua humwachia miezi kadhaa ya kuagiza mbolea inayotakiwa msimu unaofuata.

Kwa wasafirishaji, kifurushi cha majani kiwe katika bahasha ya karatasi. Yakifungwa kwenye plastiki huoza, na majibu hayaaminiki tena. Aidha, yasivushwe mpaka kiholela, kwani sampuli za mimea huhitaji kibali cha mamlaka ya afya ya mimea ya nchi zinakopelekwa. Njia nyepesi ni kutumia maabara ya ndani ya nchi.