Kwa Nini Sauti za Gemu za Zamani Ni Ngumu Kuigiza Kwenye Kompyuta?

Kama umewahi kucheza Space Invaders, unaukumbuka ule mdundo wa noti nne unaozidi kwenda kasi kadiri maadui wanavyopungua. Leo unaweza kuucheza mchezo huo kwenye kompyuta, lakini kuupata mdundo ule vilevile si kazi ndogo.

Sababu ni hii. Gemu hiyo ya mwaka 1978, kazi ya Tomohiro Nishikado wa kampuni ya Taito huko Japani, ina programu ya kilobaiti 8 tu, na ndani yake hakuna sauti hata moja! Programu inawasha na kuzima swichi tu: sasa risasi, sasa mlipuko. Mlio wenyewe unatengenezwa na saketi, yaani rezista, kapasita na vifaa vingine vilivyochomelewa kwenye bodi.

Kwa hiyo ukinakili programu peke yake, unapata gemu bubu.

Pac-Man ya 1980 ni tofauti. Mawimbi yake ya sauti yamehifadhiwa kwenye chipu kama namba, na kompyuta ikizisoma namba hizo, sauti inatoka.

Kwa gemu za saketi kuna njia mbili:

1. Kurekodi. Unarekodi milio ya mashine halisi, kisha kompyuta inaicheza. MAME, programu ya kuigiza gemu iliyoanza 1997, ilitumia sana njia hii. Ubaya wake, rekodi haibadiliki. Kwenye saketi halisi, umeme uliobaki ndani ya kapasita unaweza kubadilisha mlio unaofuata.

2. Kuipigia hesabu saketi nzima. Kompyuta inakokotoa umeme unavyopita kwenye kila kifaa, hata mara 48,000 kwa sekunde. Hapo sauti inazaliwa upya kila unapocheza. Ila inahitaji kompyuta yenye nguvu, mchoro wa saketi na vipimo sahihi vya kila kifaa.

Na hapo ndipo penye haraka. Fundi yeyote wa redio atakwambia kapasita huchoka. Bodi za miaka ya 70 zinazidi kufa, na bodi ya mwisho ikifa kabla haijarekodiwa wala kupimwa, na mchoro wake haupo, programu itabaki salama lakini sauti yake ndo imekwenda.