Shujaa wa uwanjani aliyekuwa mtumwa wa kamari

JE, msomaji, unamjua mtu ambaye hupata mshahara mzuri, hanywi pombe wala havuti sigara, lakini kabla ya mwezi kufika katikati yuko mlangoni pako akitaka kukopa? Kabla hujamwita mfujaji, sikiza kisa cha Oisín McConville.

Alizaliwa mwaka wa 1975 na kulelewa Crossmaglen, mji mdogo wa Kaunti ya Armagh, Ireland Kaskazini. Mchezo wake ni kandanda ya Kigaeli. Usiufananishe na kandanda unayoijua. Kila timu ina wachezaji 15, mpira hupigwa kwa mguu na kushikwa kwa mikono, na milingoti ya goli ina umbo la herufi H. Bao la chini ya mwamba ni pointi tatu. Isitoshe, wachezaji hawalipwi mshahara. Wengi wao ni walimu, wakulima na makarani ambao hufanya mazoezi baada ya kazi.

McConville alikuwa mfungaji hodari. Akiwa na klabu ya Crossmaglen alitwaa ubingwa wa vilabu wa Ireland nzima mwaka wa 1997, 1999 na 2000. Kisha ikaja fainali ya kaunti ya Septemba 2002, katika uwanja wa Croke Park mjini Dublin, Armagh dhidi ya Kerry. Armagh haikuwa imewahi kulitwaa taji hilo. Mwaka wa 1953 ilishindwa na Kerry hao hao baada ya kupoteza penalti. Sasa, kabla ya mapumziko, McConville naye akapiga penalti na kipa akaipangua! Wazee waliokumbuka 1953 walishika vichwa. Lakini katika kipindi cha pili alipokezana mpira na Paul McGrane, akaingia langoni na kufunga bao. Armagh ilishinda kwa pointi 15 dhidi ya 14.

Kilichokuwa hakijulikani ni kwamba shujaa huyo alikuwa mgonjwa. Tangu ujana wake alikuwa akicheza kamari, na kufikia wakati huo madeni yalikuwa yamemfika shingoni. Alikopa, akadanganya, akakopa tena. Mlevi hunuka pombe, mcheza kamari hanuki chochote. Ndiyo maana hata wa nyumbani huchelewa kujua.

Huenda ukauliza, huu ni ugonjwa au ni tabia mbaya tu? Madaktari wa akili wa Marekani waliuorodhesha kama ugonjwa mwaka wa 1980, na mwaka wa 2013 wakauweka katika kundi moja na uraibu wa pombe na dawa za kulevya. Shirika la Afya Ulimwenguni pia linautambua. Ubongo wa mraibu husisimka kwa kule kubahatisha kwenyewe, hata anapokosa kidogo tu. Kwa hivyo kushindwa hakumfunzi, bali humchochea arudi.

Zitazame dalili hizi. Je, kiasi unachoweka kinazidi kupanda ndipo upate msisimko ule ule? Unarudi kesho ili ukomboe ulichopoteza leo? Unamficha mkeo au mumeo? Umewahi kujaribu kuacha, ukawa mkali na kukosa utulivu? Ikiwa jibu ni ndiyo kwa mengi ya maswali haya, mwone daktari au mshauri nasaha. Tiba kubwa ni ushauri, pamoja na mikutano ya waraibu wenzako. Nanyi jamaa, msikimbilie kumlipia madeni akingali anacheza, kwani mara nyingi mnamnunulia nafasi ya kukopa upya. Mwacheni mtu mwingine amshikie pesa zake kwa muda. Hapa kwetu jambo hili ni gumu zaidi, maana siku hizi simu iliyo mfukoni ndiyo duka la kamari na ndiyo benki.

McConville alikubali kutibiwa mwaka wa 2005, akalazwa katika kituo cha Cuan Mhuire, Galway. Mwaka wa 2007 alishinda tena taji la vilabu na Crossmaglen, na mwaka huo huo akatoa kitabu kuhusu maisha yake, *The Gambler*. Baadaye alisomea ushauri nasaha na kuanza kuwasaidia waraibu. Mwaka wa 2022 aliteuliwa kuwa meneja wa timu ya Kaunti ya Wicklow.