Lugha ya Kumbukumbu za Mahakama na Haki ya Kikatiba: Mfano wa Saboti

Kumbukumbu ya mahakama hudhaniwa kuwa ni maneno ya shahidi, kumbe aghalabu ni tafsiri. Huko Saboti, karibu na Kitale, wazungumzaji wa Kibukusu na Kisabaoti hutoa ushahidi kwa lugha zao, mkalimani hufasiri, na hakimu huandika kwa Kiingereza au Kiswahili, ambazo ndizo lugha za mahakama za chini kisheria.

Katiba ya Uhuru ya mwaka 1963 ilimpa mshtakiwa haki ya mkalimani bila malipo, na haki ya nakala ya kumbukumbu kwa ada. Katiba ya 2010, ibara ya 50, ilizidumisha zote mbili. Lakini ya kwanza hukoma masikioni, na ya pili humpa karatasi isiyo na maneno yaliyotamkwa. Neno la Kibukusu *omukasa*, yaani kiongozi na mpatanishi wa jamii, likiandikwa “mzee” tu, hadhi yake hupotea. Na mahakama ya rufani, isiyomsikia shahidi, husoma “mzee”.

Uzito wa jambo hili umezidi tangu ibara ya 159 ilipotambua njia za jadi za kusuluhisha migogoro. Hivyo, istilahi za mila zapaswa kuandikwa kama zilivyotamkwa, ndipo zifafanuliwe.