MAMA WA MKASI NA HOTUBA YA BABA MDOGO

Haya jamani, wiki hii hakuna stori ya mapenzi. Kuna stori ya mkasi.

Mwenzenu nilipata kibarua cha kuhariri video za harusi. Kazi yenyewe si ngumu. Picha zikirukaruka unamwaga taarabu juu yake, mtu hashtuki. Sasa kwenye harusi ya binamu yangu, baba mdogo akashika maiki akauliza mahari ya mtoto imeliwa na nani, mbona mama yake hajaonja hata senti? Ukumbi mzima kimya! Mimi nikakata, nikapachika keki na muziki. Maharusi wakafurahi. Baba mdogo tangu siku ile salamu yangu haitikii.

Ndipo mshikaji mmoja akanionyesha Festen, filamu ya Denmark ya mwaka 1998, mwongozaji Thomas Vinterberg. Baba anatimiza miaka 60, ukoo umejaa kwenye mnuso. Kijana wake anasimama kutoa hotuba, anasema baba alikuwa akiwanajisi yeye na pacha wake, ambaye sasa ni marehemu. Na wageni? Wanaendelea kula!

Aliyeihariri ni mwanamama, Valdís Óskarsdóttir, mzaliwa wa Iceland aliyesomea kazi hiyo chuo cha filamu cha Denmark. Festen ndiyo filamu ya kwanza ya Dogme 95, kundi la waongozaji waliojiwekea masharti kama ya mganga: kamera ishikwe mkononi, taa za ziada hakuna, muziki wa kupachika marufuku, sauti isitenganishwe na picha. Hilo la mwisho ndilo kitanzi cha mhariri. Sisi wa harusi tukikata picha, sauti tunaiacha ipite chini kwa chini. Yeye akikata picha, kakata na sauti. Taarabu ya kufunikia haipo! Kwa hiyo ukitolewa usoni mwa kijana ukapelekwa usoni mwa mgeni, unausikia mkato wenyewe, na unabaki kumtazama mgeni anavyojifanya hajasikia. Mimi nilijiona pale mezani, nakuambia.

Festen ikapata Tuzo ya Jopo kule Cannes. Mwaka 1999 akahariri Mifune, nayo ya Dogme, kisha Hollywood wakamwita. Eternal Sunshine of the Spotless Mind ya 2004, ile ya Jim Carrey na Kate Winslet kufutwa kumbukumbu za penzi lao, mkasi ni wake. Mwaka 2005 Waingereza wakampa tuzo ya BAFTA ya uhariri.

Mwaka 2008 akaongoza filamu yake mwenyewe, Sveitabrúðkaup. Inahusu nini? Harusi! Mabasi mawili ya wageni yanapotea njia yakitafuta kanisa, na siri za ukoo zinaanza kumwagika.

Ile hotuba ya baba mdogo sijaifuta. Dakika nne. Binamu kaniomba nisimwonyeshe mtu. Baba mdogo naye kanitumia ujumbe, anaitaka, Jumapili anakuja kuichukua.