Bustani ya balkoni: jua, uzito na maji kabla ya mbegu



Huenda baadhi yenu mtauliza: sisi tuna mashamba, mambo ya balkoni yanatuhusu nini? Swali ni la haki. Lakini hebu tuhesabu. Karibu kila kikundi tunachotembelea kina wanachama wenye watoto waliopanga vyumba vya gorofa kule Nairobi, Nakuru, Eldoret au Mombasa. Hao ndio tunaowafungia mahindi, maharagwe na ndizi kwenye gunia na kumkabidhi makanga wa matatu. Mahindi hufika salama. Sukuma wiki hufika zimeanza kunyauka, na siku ya tatu ni za njano. Basi kijana aliyelelewa kati ya mboga hununua mboga kila jioni, hata dhania ya kutia harufu tu.

Je, anaweza kupanda mboga kwenye roshani, ile sehemu ndogo ya nje yenye vyuma ambayo wengi wetu twaiita balkoni? Anaweza. Lakini balkoni si shamba dogo. Ina sheria zake, na asiyezijua huweza kupoteza hata nyumba.

KOSA TULILOJIFUNZA KWALO

Mama mmoja wa kikundi alitueleza kwa furaha kwamba binti yake amepanda sukuma kwenye gunia, gorofa ya tatu, vile tulivyofundisha kikundini. Tulipopata safari ya Nairobi tukapita kumsalimia. Gunia halikuwapo.

Binti alikuwa amejaza gunia zima la mahindi kwa udongo na samadi mbichi. Kila jioni alimwagilia. Maji meusi yakatiririka hadi kwenye nguo za shule ambazo jirani wa chini alikuwa ameanika. Mara ya kwanza jirani alinyamaza. Mara ya tatu alipanda ngazi, na maneno hayakuwa mazuri. Samadi nayo ikaleta nzi. Keateka akampa siku mbili: gunia liondoke, au atafute nyumba nyingine. Lilikuwa zito hata wanaume wawili hawakuweza kuliinua. Ilibidi udongo uteremshwe kwa karai, ngazi baada ya ngazi, usiku. Na zile sukuma zenyewe, alituambia, zilikuwa ndefu na nyembamba kama njiti.

Tuliona haya, kwa sababu mafunzo yalikuwa yetu. Bustani ya gunia ni jambo jema. Kule Kibera ilienea tangu mwaka 2008, baada ya vurugu za uchaguzi, shirika la Solidarités la Ufaransa lilipowasaidia wakaaji kupanda mboga magunia kwa magunia. Lakini magunia yale yalikaa chini, juu ya ardhi. Sisi tulifundisha gunia bila kusema kwamba gorofani mambo hubadilika. Makala hii ni ya kusahihisha.

1. KWANZA TAZAMA JUA

Kabla ya kununua mbegu, kijana akae nyumbani siku moja, hata Jumapili, aangalie jua linaingia balkoni saa ngapi na kutoka saa ngapi. Mboga za majani kama sukuma na spinachi zinahitaji jua la moja kwa moja kama saa nne au tano kwa siku. Nyanya na pilipili hoho zinataka saa sita au zaidi. Dhania na kitunguu cha majani huvumilia kivuli kidogo.

Sisi tulio karibu na ikweta tuna jambo la pekee: jua letu huhama. Kuanzia mwisho wa Machi hadi mwisho wa Septemba hupitia upande wa kaskazini. Miezi mingine hupitia upande wa kusini. Kwa hiyo balkoni inayotazama kusini huweza kuwa na jua zuri mwezi wa Desemba, na mwezi wa Juni isione hata mwale. Inayotazama kaskazini ni kinyume chake. Balkoni ya mashariki hupata jua la asubuhi mwaka mzima, na ya magharibi hupata la alasiri. Hizo mbili ndizo za kuaminika.

Iko pia mitaa kama Pipeline kule Embakasi, ambako gorofa zimesongamana hadi jua halifiki nyumba nyingi za chini. Aliye na balkoni ya giza tusimdanganye. Asipande sukuma, maana itakuwa njiti. Ajaribu vitunguu vya majani kwenye mkebe mmoja, na fedha nyingine aziweke.

2. PILI PIMA UZITO

Gunia likijaa mahindi lina kilo 90. Udongo uliolowa ni mzito kupita mahindi zaidi ya mara mbili, kwa hiyo gunia hilohilo likijaa udongo na maji hukaribia kilo 200. Ni kama watu watatu wazima wamesimama pahali pamoja, mchana na usiku, bila kuondoka. Na si kila balkoni iliyojengwa miji yetu imejengwa vizuri.

Kwa hiyo gorofani tusahau gunia kubwa. Tutumie vyombo vidogo: ndoo, mitungi ya mafuta ya kupikia iliyokatwa juu, au mabeseni yaliyopasuka. Hata ndoo ya lita 20 ikijaa udongo mbichi hufika kilo 30, kwa hiyo tusizidishe. Vyombo vitatu vya kuanzia vinatosha. Vipangwe kandokando ya ukuta wa nyumba, kwa sababu mbili.

Ya kwanza, ukutani ndiko sakafu ina nguvu zaidi kuliko ukingoni. Ya pili ni kubwa kuliko zote: ndoo iliyowekwa karibu na vyuma vya balkoni ni ngazi ya mtoto. Mtoto wa miaka miwili hupanda juu yake achungulie barabara, na hapo ni gorofa ya tatu. Kwenye nyumba yenye watoto, chombo chochote kisikae karibu na vyuma. Wala tusining'inize mkebe upande wa nje, maana chini kuna watu wanapita.

3. TATU, MAJI NA JIRANI

Ndoo moja yenye sukuma hunywa lita moja hadi mbili kwa siku za joto. Mahali ambapo maji huja mara mbili kwa wiki, au hununuliwa kwa mtungi, hilo ni jambo la kufikiria. Maji yaliyooshea mboga na mchele yanafaa kabisa. Maji yenye sabuni ya unga au dawa ya kung'arisha nguo hayafai.

Tia kidole kwenye udongo hadi kiungo cha pili. Kikitoka na unyevu, usimwagilie. Kikitoka kikavu, mwagilia polepole, asubuhi au jioni. Funika udongo kwa nyasi kavu ili maji yasipotee.

Kila chombo kiwe na matundu matano au sita chini, la sivyo mizizi huoza. Kisha kikae juu ya mawe madogo ndani ya beseni au sahani ya plastiki, ili maji yanayotoka yasimfikie jirani. Beseni limwagwe kila siku, kwani maji yaliyosimama wiki moja tu yanatosha kuzalisha mbu.

Na kabla ya yote, kijana abishe hodi kwa jirani wa chini na aongee na keateka. Amwambie: nataka kupanda mikebe mitatu, maji yakikufikia niambie. Neno hilo moja huzuia magomvi mengi. Na akivuna, fungu la kwanza la dhania literemke ngazi.

UDONGO SAFI UNATOKA WAPI?

Hapa ndipo sisi wa mashambani tunapohitajika. Mtu wa gorofa huchota udongo popote apatapo: kando ya barabara, karibu na gereji, kwenye mtaro. Huo ni udongo wa hatari. Kenya iliacha petroli yenye madini ya risasi mwaka 2006, lakini risasi haiozi. Ile iliyotua kando ya barabara kwa miaka mingi inaweza kuwa ingali mle. Gereji nazo humwaga mafuta na maji ya betri. Risasi hudhuru ubongo wa watoto, na huletwa na udongo ulioshika kwenye majani pamoja na vumbi la mikononi. Kwa sababu hiyo hiyo tusipande ndani ya mikebe ya rangi, na mikebe ya dawa za shamba tusiiguse kamwe.

Udongo mzuri ni wa juu wa shamba, uliochujwa mawe. Changanya karai mbili za udongo, karai moja ya mboji au samadi iliyooza, na nusu karai ya mchanga ili maji yapite. Samadi iwe imekaa miezi mitatu au zaidi, imegeuka nyeusi, haina harufu na haina joto. Samadi mbichi huunguza mizizi na kuita nzi, kama binti yule alivyogundua.

TUPANDE NINI?

Tuanze na kile kinachokuja haraka, mtu asikate tamaa.

Mchicha, au terere: nyunyiza mbegu chache, funika kwa udongo mwembamba. Baada ya wiki nne au tano anza kukata vichwa, nao utachipua tena. Chombo cha kina cha sentimita 20 kinatosha.

Dhania: ponda mbegu kidogo zigawanyike mara mbili, kisha panda. Huota kwa wiki moja au mbili. Kina cha sentimita 15 kinatosha.

Kitunguu cha majani: usitupe vichwa vyenye mizizi. Vichomeke udongoni na vitachipua.

Sukuma wiki: hii inataka kina cha sentimita 25 au zaidi, na ndoo ya lita 20 ichukue miche miwili tu. Vuna majani ya chini, acha ya juu. Wadudu wadogo wanaojificha chini ya majani, wale tunaowaita vidukari, waoshwe kwa maji yenye sabuni kidogo ya kipande, halafu suuza.

Tusidanganyane pia kuhusu mavuno. Ndoo tatu hazitamaliza safari ya kwa mama mboga. Ndoo mbili za sukuma zikistawi zitatoa mboga ya mlo mmoja kwa wiki kwa watu wawili au watatu. Faida ya haraka iko kwenye vitu vidogo vya kila siku: dhania, kitunguu, fungu la terere. Haba na haba hujaza kibaba.

KAZI YA KIKUNDI

Kikundi kina vitu ambavyo mtu wa gorofa hana: udongo safi, samadi iliyooza, mbegu za kienyeji za terere, managu na saga, na mama wanaojua kutunza miche. Miche ya sukuma yenye wiki nne na majani manne, iliyofungwa kwa karatasi yenye unyevu, huvumilia safari ya siku moja kuliko sukuma iliyochumwa. Badala ya kutuma mboga itakayonyauka, kwa nini tusitume miche kumi na kilo kumi za mboji? Vikundi vilivyo karibu na miji vinaweza hata kuuza mboji iliyochujwa kwenye mifuko midogo. Ni mradi usiohitaji mtaji mkubwa, na samadi tunayo.

Tukumbuke mwaka 2020, serikali ilipofunga Nairobi kwa ajili ya korona tangu Aprili hadi Julai. Mizigo ya chakula iliruhusiwa kupita, lakini mama hakuweza kwenda kumwona mwanawe. Mwaka huohuo serikali ilianzisha mpango wa bustani milioni moja za nyumbani. Wengi wetu ndipo tulipoona maana ya mtu kuwa na kitu kidogo cha kuchuma mlangoni pake.

Na yule binti? Alianza upya. Mama yake alimpelekea mboji iliyooza vizuri, safari hii kilo chache. Ana ndoo tatu ukutani, kila moja ndani ya beseni lake. Sukuma ameacha, kwa kuwa balkoni yake hupata jua la saa tatu tu. Ana dhania, vitunguu na terere. Jirani wa chini humletea maji aliyooshea mchele, naye huteremsha dhania. Keateka amemwuliza kama anaweza kumpatia mbegu.

MASWALI YA KUJADILI KIKUNDINI

1. Wanachama wangapi wana watoto au ndugu wanaoishi gorofa? Wananunua nini kila siku ambacho wangeweza kupanda?
2. Samadi yetu inaoza vizuri, au tunaipeleka shambani ikiwa mbichi?
3. Je, kikundi chetu kinaweza kuwa na kitalu kimoja cha miche ya kutuma mjini? Nani atakitunza?
4. Tunapofundishana jambo, je, huwa tunauliza litatumika mahali gani, au twafundisha tu kama sisi tulivyofanya?