Salamabila: sosyete zinakuja na kuondoka, sisi tunabaki na nini?



Kila ninaporudi nyumbani Salamabila kwa vakansi, vijana wenzangu wananiuliza swali moja: "Yaya, sosyete itarudia lini?" Wanazungumzia mgodi wa Namoya. Wengine wana diplome ya serikali, wengine lisansi, na karatasi za kuombea kazi ziko tayari kwenye folda. Mimi mwenyewe nilingoja hivyo karibu mwaka mzima. Leo nataka tupitie pamoja historia ya hizo sosyete, maana naona tunangoja kitu ambacho hatukijui vizuri.

Tuanze Kasongo. Biashara kubwa kwetu haikuanza na dhahabu. Katika karne ya 19, Kasongo ulikuwa mji mkuu wa Tippu Tip katika Maniema. Pembe za ndovu, na watumwa pia, tusifiche, zilitoka hapa zikavuka Tanganyika hadi Ujiji, Tabora na Zanzibar. Misafara hiyo ilituletea mpunga na Kiswahili hiki ninachoandika. Mwaka 1893 jeshi la Dhanis, lililotumwa na dola la mfalme Leopold, liliteka Kasongo. Pembe zikageuziwa njia, zikaanza kuteremka kwa mto kuelekea magharibi. Mwaka 1911 reli ya Kindu hadi Kongolo ikafunguliwa. Kisha ikaja pamba ya lazima: mkulima analazimishwa kulima, na bei anapangiwa na mtu mwingine.

Dhahabu ya Namoya ilianza kuchimbwa na Wabelgiji katika miaka ya 1930, kwanza ile ya mchangani kwenye mito, halafu ile ya ndani ya miamba. Majina ya vilima kama Mwendamboko na Kakula yalianza kuandikwa kwenye ramani za kampuni. Baada ya uhuru wa 1960, vurugu zikasimamisha kazi, na mwaka 1964 uasi wa Simba ukapita katika mkoa wetu.

Mwaka 1976 kampuni tisa za madini za Kivu na Maniema ziliunganishwa, ikazaliwa Sominki. Wazee wakisema "wakati wa sosyete", mara nyingi wanasema juu ya Sominki: nyumba za wafanyakazi, zahanati, shule, mshahara mwisho wa mwezi. Lakini Sominki iliishi zaidi kwa bati kuliko kwa dhahabu. Oktoba 1985, Baraza la Kimataifa la Bati kule London likaishiwa pesa, bei ya bati ikaanguka. Hakuna mchimbaji wa Kalima wala Punia aliyekuwa amekosea kitu. Bei ilianguka mbali, njaa ikaingia kwetu.

Mwaka 1996 kampuni ya Kanada, Banro, ikanunua Sominki. Mwaka 1998 serikali ikamnyang'anya hati, kesi ikaenda mbele ya waamuzi wa kimataifa, na mwaka 2002 wakapatana: Banro ikabaki na dhahabu ya Twangiza, Kamituga, Lugushwa na Namoya. Namoya ilitangazwa rasmi kuwa katika uzalishaji wa kibiashara tarehe 1 Januari 2016. Tulifurahi, tusiseme uongo. Lakini mwaka uliofuata wafanyakazi walitekwa nyara na watu wenye silaha, deni la kampuni likawa zito, na Septemba 2019 kazi ikasimamishwa kwa sababu ya usalama. Hesabuni wenyewe: kutoka 2016 hadi 2019, hata miaka minne haikutimia.

Sasa, ni kitu gani kinajirudia katika hadithi zote hizi? Mimi naona mambo matatu. La kwanza, bei inapangwa mbali. La pili, maamuzi yanafanyika mbali: Brussels, Toronto, Kinshasa. La tatu, na hili ndilo linalotuhusu sisi, kila sosyete iliingiza pesa hapa, lakini pesa hiyo haikujenga biashara nyingine ya kusimama peke yake. Ilinunua bia, nguo na simu kutoka nje, ikaondoka na lori lilelile lililoleta bidhaa.

Msidhani hii ni laana ya Congo. Kule Marekani, katika jimbo la Montana, kuna mji unaitwa Butte. Uliishi kwa shaba karibu karne nzima, na kampuni moja, Anaconda, ndiyo ilikuwa baba na mama. Mwaka 1982 shimo kubwa la Berkeley Pit likafungwa, pampu zikazimwa, na maji yenye sumu yakaanza kulijaza. Watu wengi wakahama. Lakini mji haukufa. Kati ya vitu vilivyoushika ni shule ya madini iliyofunguliwa pale mwaka 1900, wakati shaba bado inalipa. Shule hiyo inafundisha mpaka leo. Kwa hiyo swali si tu mgodi utadumu miaka mingapi. Swali ni: wakati unalipa, unajenga nini ambacho hakitaondoka nao?

Na hapa ndipo sheria inatusaidia, kama tunaisoma. Kodi ya madini ya mwaka 2018 inasema dhahabu inalipiwa mrabaha wa 3.5%. Katika mrabaha huo, 50% inakwenda kwa serikali kuu, 25% kwa jimbo, 15% kwa sekta, sheferi au komine mahali mgodi ulipo, na 10% kwa mfuko wa vizazi vijavyo. Zaidi ya hapo, kampuni inatoa 0.3% ya mauzo yake kwa maendeleo ya jamii. Tufanye hesabu. Dhahabu ikiuzwa kwa dola 1,000,000, mrabaha ni dola 35,000. Fungu la sekta au sheferi ni 5,250. Fungu la maendeleo ya jamii ni 3,000. Jumla 8,250 kwa kila milioni. Si pesa ya kuchezea, lakini nani kati yetu amewahi kuomba kuona hesabu yake?

Sheria hiyohiyo inataka wachimbaji wa mikono wawe Wakongomani watu wazima, walio katika kooperative iliyokubaliwa. Kooperative inahitaji katibu, mtu wa hesabu, mtu wa kuandika mikataba. Leo mchimbaji anauza tola yake, gramu 11.66, bila kujua bei ya siku hiyo. Mwenye lisansi ya uchumi anapita pembeni yake akingoja sosyete!

Minervali yangu ililipwa na mama, kwa mchele na mawese. Kusema kweli, waliomnunulia walikuwa watu wa dhahabu. Mgodi uliposimama, soko lake lilipungua, lakini halikuzimika, kwa sababu watu wanakula hata sosyete isipokuwepo. Mwaka jana nilimsaidia kuandika hesabu zake kwenye daftari. Tuligundua kwamba faida kubwa ilikuwa inabaki kwa mwenye mashine ya kukoboa mpunga. Sasa yeye na wanawake wenzake watano wanaweka akiba wanunue ya kwao. Bado hawajafikisha pesa.

Simwambii mtu akatae kazi ya mgodi. Ikirudi, ombeni, mimi pia nitaomba. Ila tusikae tu tukingoja. Nikiulizwa tena "sosyete itarudia lini", nitajibu kwa swali: ikirudi, itatukuta tumejenga nini, na tunajua kudai nini?