Mapatano Baada ya Hukumu

Watu wengi hudhani ya kuwa hukumu ya daawa ikiisha kusomwa, mlango wa mapatano umefungwa, na kazi iliyobaki ni ya dalali wa mahakama tu. Sivyo. Sheria huwaruhusu wenye daawa kupatana hata wakati hukumu inapotekelezwa. Lakini iko sharti moja, na asiyelijua aweza kupoteza mali yake.

Kwanza tuone faida ya kupatana. Aliyeshinda hajapata fedha bado. Amepata haki ya kuzidai tu. Hana budi kurudi mahakamani kuomba mali ya mwenziwe ikamatwe na kunadiwa. Mnada una gharama zake, na vitu vingine sheria yakataza kuvikamata, kama nguo za lazima, vyombo vya kupikia, malazi, zana za fundi, na jembe la mkulima. Aliyeshindwa naye huogopa mali yake isiuzwe kwa bei ya chini. Basi kulipana kwa hiari, kidogo kidogo, kwaweza kuwafaa wote wawili.

Sasa tufanye mfano. Juma amehukumiwa kumlipa Hamisi shilingi 900,000. Wapatana mbele ya wazee ya kwamba Juma atoe ng'ombe mmoja na shilingi 400,000 kwa miezi minne, deni liishe. Juma atimiza yote, wapeana mikono, wala hapana aendaye mahakamani. Mwaka wa pili Hamisi afariki, na warithi wake waikuta hati ya hukumu sandukuni. Habari za ng'ombe hawazijui. Waomba hukumu itekelezwe, na dalali abisha hodi kwa Juma.

Je, wazee wale watamwokoa? La. Sheria ya Mwenendo wa Madai ya Tanzania ya mwaka 1966, Amri ya 21, kanuni ya 2, yasema ya kuwa malipo au mapatano ya nje yasiyoandikwa mahakamani hayatambuliwi na mahakama itekelezayo hukumu. Kanuni hii yatoka katika sheria ya India ya mwaka 1908, iliyotumika Tanganyika zamani. Yahusu Mahakama Kuu, na mahakama za hakimu mkazi na za wilaya. Bila kanuni hiyo kila mdeni angesema, "Nimekwisha lipa," na kesi ingeanza upya.

Dawa yake ni nyepesi. Tuandike mapatano: kiasi, tarehe za kulipa, na litakalofanyika malipo yakikatika. Wote wawili watie sahihi. Kila malipo yawe na stakabadhi. Kisha mpokeaji aiarifu mahakama, iandike. Akikawia, mlipaji mwenyewe aende bila kuchelewa, aombe mwenziwe aitwe aeleze kwa nini malipo hayo yasiandikwe.

Wazee wetu walisema: Mali bila daftari hupotea bila habari. Na mapatano pia ni mali. Daftari lake liko mahakamani.